Mtu wa Nyuzi

Kuna wanaume wanaooneana wivu juu ya bibi, wengine juu ya ng'ombe. Kipketer arap Sang alimwonea mwenzake wivu juu ya matumbo ya kondoo, na huo wivu haukumwacha mpaka akazeeka.

Hii ilikuwa mwaka wa hamsini na saba, kwa shamba ya mzungu mmoja juu ya Molo, upande wa Turi, mahali umande wa asubuhi unakata miguu kama wembe. Kondoo wengi, pareto kidogo, na nyumba ya mawe iliyojaa vitabu kuliko ghala lilivyojaa magunia. Huyo mzungu hakuwa na bibi wala mtoto. Jina lake la karatasi lilikuwa refu na kwa kampi ya wafanyakazi hakuna mtu alilishika. Walimwita Bwana Zeze, kwa sababu alikuwa na zeze moja la ajabu, kimo cha mtoto wa kuanza shule, na kila siku baada ya chai alilikumbatia katikati ya magoti akalipitisha upinde.

Zeze lenyewe linaitwa baritoni. Mbele lina nyuzi za utumbo, za kupigwa na upinde. Nyuma ya shingo kuna nyuzi zingine za waya, zimejificha, unazidonoa na kidole gumba huku upinde unaendelea mbele. Mtu mmoja anasikika kama wawili. Huko Ulaya watu walishaliacha zamani. Lakini kulikuwa na mtunzi mmoja mkubwa wa muziki, anaitwa Haydn, aliyeandikwa kazi na mtu wa ukoo wa utawala, Prinsi, na huyo Prinsi alipenda baritoni kuliko chakula. Basi Haydn akamtungia nyimbo za baritoni zaidi ya mia. Bwana Zeze alikuwa anaandika kitabu juu ya mambo hayo: Haydn alikuwa na vyombo gani, nyuzi zilikuwa nene namna gani, upinde ulipindwa vipi, sauti ya siku hizo ilikuwa chini ya hii ya sasa kwa kiasi gani. Alianza hiyo kazi kabla ya vita vya Hitler na bado alikuwa hajamaliza.

Shida yake ilikuwa nyuzi. Za chuma alizikataa. Alisema mtu akiandika juu ya Haydn huku anasikiliza chuma, ni kama anaandika juu ya maziwa huku anakunywa chai ya rangi. Za utumbo aliagiza Ulaya, zikaja na meli, zikifika zimekauka kama majani ya mahindi, ukikaza kidogo tu zinakatika.

Kipketer wakati huo alikuwa mtu wa dipu, wa kusukuma kondoo ndani ya maji ya dawa. Jumapili moja Bwana alipita karibu na kampi na mbwa wake, akamsikia anapiga chepkong'o, kile kinubi cha Wakipsigis. Akasimama.

"Hii kamba natoka wapi?"

"Tumbo ya kondoo, Bwana," Kipketer akasema.

"Nani natengeneza?"

"Mimi."

Bwana akapiga magoti hapo kwa matope na suruali yake safi, akadonoa uzi mmoja, akafunga macho, akadonoa tena. Watu wa kampi walidhani ameshikwa na kitu. Kesho yake Kipketer hakurudi dipu. Alipewa banda nyuma ya nyumba kubwa, na beseni, na koti kuukuu la Bwana lenye viraka vya ngozi kwa viwiko.

Hiyo kazi si kazi ya haraka. Unachukua utumbo mwembamba wakati bado una moto wa kondoo. Unaukamua, unauloweka kwa maji ya majivu, unaukwangua na kisu butu mpaka mafuta na nyama yote iishe na ubaki ule utando mweupe, mwembamba kama ukungu. Unaunganisha utando na utando, unasokota ukiwa mbichi, unavuta kwa vigingi, unaacha ukauke polepole kivulini. Jua likiupiga umeharibu. Ukisokota na hasira umeharibu. Kipketer alikuwa na mkono wa hiyo kitu. Uzi wake ulikuwa sawa kutoka mwanzo mpaka mwisho, na Bwana aliupitisha katikati ya vidole akasema, "Hii nafaa." Maneno mengine hakuwa nayo, na Kipketer hakuhitaji mengine.

Aliyekosa raha ni bibi yake, Chelangat. Kwa Wakipsigis mnyama akichinjwa kila mtu anajua fungu lake, na pale kwa kampi matumbo yalikuwa ya wamama. Jumamosi Bwana alichinjia watu kondoo, na sasa kila Jumamosi wamama waliona matumbo yao yanaingia kwa banda la zeze. Kipketer, ili wasimpigie kelele, akawapa fungu lake la nyama badala. Kwa hivyo kwa nyumba yake hakukuwa na nyama.

"Baba Cherono," Chelangat alimwambia, "hiyo zeze nayo inakupikia?"

"Wewe hujui muziki."

"Najua njaa. Watoto wangu wanakula mboga na harufu. Ungeoa bibi wa pili ningemjua uso, ningemwambia maneno. Sasa hii kitu ya mbao nitaiambia nini?"

Kipketer alicheka. Alikuwa na raha siku hizo. Siku moja Bwana alimwambia, kwa ile Kiswahili yake ya shamba, ya kwamba baba ya Haydn alikuwa fundi wa magurudumu ya mikokoteni, na jioni alikuwa anapiga kinubi, na hakujua kusoma noti hata moja. "Kama wewe tu," Bwana akasema. Kipketer akabeba hilo neno akaenda nalo kwa kampi, akalisema kwa pombe, akalisema kwa kisima, mpaka watu wakaanza kumwita Baba Haydn kwa kumchokoza. Hakukasirika.

Halafu akaja Zeddy.

Zeddy alikuwa kijana wa Njoro, Mkipsigis pia, amesoma mpaka akaingia sekondari kisha karo ikaisha. Alivaa kaptura iliyopigwa pasi na kalamu kwa mfuko wa shati. Aliandikwa karani wa ghala. Lakini macho ya Bwana yalikuwa yameanza kuingia ukungu, herufi ndogo hazioni tena, na siku moja akamwita Zeddy amsomee ukurasa. Zeddy akasoma. Kesho akasoma tena. Kabla ya mvua kuanza, kila siku chai ikitoka kwa meza, karani alikuwa ndani, kwa kiti, amekunja mguu juu ya mguu, anasoma vitabu vya Haydn kwa sauti kama mtu wa redio.

Kipketer alikuwa nje. Alihamisha vigingi vyake vya kukaushia nyuzi, akavileta karibu na dirisha, akasema ni kwa ajili ya kivuli. Kiingereza hakujua, ila chache. Lakini aliweza kusikia Bwana anacheka. Alisikia pia, mara nyingi sana, "Very good, Zeddy." Hayo maneno alikuwa anayajua. Yeye mwenyewe hakuwahi kuambiwa. Yeye alikuwa wa "nafaa." Gumboti pia zinafaa. Punda anafaa.

"Leo mlisoma nini, karani?" alimuuliza siku moja, kama mtu hana haja.

"Ah, mzee, leo ilikuwa tamu. Haydn aliona vile Prinsi anapenda baritoni, akaona wacha nimfurahishe. Wanasema alijifunza mwenyewe, kwa siri, miezi mingi. Halafu siku moja akampigia Prinsi. Akapiga kuliko Prinsi mwenyewe."

"Prinsi akasema nini?"

"Hakufurahi. Wanasema aliona wivu kidogo. Haydn akaiacha baritoni, akarudia kazi yake." Zeddy akacheka. "Mkubwa mzima anaonea mfanyakazi wivu."

"Prinsi alikuwa na haki," Kipketer akasema.

"Haki gani sasa, mzee?"

"Kitu ni ya mtu. Wewe umekuja jana, unaingiza kidole. Ungefurahi?"

Zeddy akamwangalia, hakuelewa, ama alielewa, akaaga akarudi ghalani. Alikuwa mtoto wa heshima, huyo Zeddy, na hilo nalo Kipketer alimhesabia kama kosa. Angekuwa na kiburi ingekuwa rahisi.

Mambo yaliharibika kabisa wakati kitabu walichokuwa wanasoma kilipofika kwa nyuzi. Kuna ukurasa ulioeleza mafundi wa zamani wa Italia, vile walivyotaka utumbo wa mwana-kondoo, si kondoo mzee, tena wa milima mikavu, na vile walivyosokota tando nyingi pamoja kupata uzi mnene wa sauti nzito. Zeddy alisoma, na Bwana akapiga meza na mkono. Kisha wakatoka nje wote wawili, mpaka kwa vigingi, na karani akasimama mbele ya nyuzi za Kipketer akaanza kuonyesha na kalamu.

"Mzee, kitabu inasema hapa ingekuwa mzuri ukitumia mtoto wa kondoo."

"Kitabu imewahi kuchinja?"

Bwana akacheka. Lakini alikuwa anamwangalia Zeddy, na Kipketer aliona hayo macho. Yalikuwa yale yale aliyomwangalia nayo yeye, siku ya matope.

Bwana alikuwa amealikwa Nakuru. Kulikuwa na chama cha wazungu wapenda muziki, na profesa mmoja angekuja kutoka mbali, na Bwana angesimama kwa holi aeleze juu ya Haydn na Prinsi, halafu apige baritoni wasikie nyuzi za kweli. Mtu mmoja angekwenda naye, akae mbele karibu na yeye, uzi ukikatika afunge mwingine. Kipketer alishajua mtu huyo ni nani. Alishafua koti.

Sasa Bwana akasema: "Zeddy natengeneza nyuzi yake, ya mtoto ya kondoo, kama kitabu. Kipketer natengeneza yake. Ile nalia mzuri, fundi yake nakuja Nakuru na mimi."

Kipketer alikuwa ameinamia beseni. Aliendelea kukwangua utumbo, na kisu kikapita, utando ukapasuka. Hakuwa amepasua utando tangu aanze hiyo kazi. Haikuwa Nakuru peke yake. Kama mtoto wa kitabu anaweza kusoma na kusokota pia, banda ni la nini? Aliona dipu. Alisikia harufu ya dawa kwa nguo.

Jumamosi wakachinja. Kondoo wa watu alikuwa mmoja, na mwana-kondoo wa Zeddy pembeni. Pale kwa kampi kisu hakigusi utumbo kabla mzee hajausoma. Unatandazwa juu ya majani, na ile mishipa midogo inapita huku na huku, ni njia. Mzee anaangalia njia iko wazi ama imefungwa, kuna ugonjwa, kuna mvua, kuna safari. Hata watu wa kanisa walikuwa wanasimama kando wakingoja asikike akisema ni safi. Msomaji alikuwa mzee arap Sigilai, lakini hiyo siku alikuwa ameshuka Londiani kwa maziko ya shemeji yake. Watu wakageukia Kipketer. Marehemu baba yake alikuwa msomaji, naye alikuwa amekaa karibu naye miaka mingi akiona.

Akaangalia wa kondoo mkubwa. "Safi," akasema.

Akachuchumaa kwa ule wa mwana-kondoo. Ulikuwa mzuri. Mwembamba, mrefu, unang'aa, hauna doa. Yeye fundi alijua kwa kuona tu: huo ungetoa uzi wa ajabu. Njia zake zilikuwa wazi kama barabara ya asubuhi. Zeddy alikuwa amesimama nyuma yake na beseni, amekunja mikono ya shati.

"Hapa kumefungwa," Kipketer akasema.

Watu wakainama kuangalia.

"Wapi?" mama mmoja, Chemutai, akauliza.

"Hapa. Hii ni safari. Inaenda, inaenda, halafu inaingia kwa shimo. Mwenye kubeba hii kitu akienda safari, harudi."

Hakuwa amepanga kusema hivyo. Ilitoka peke yake, tamu mdomoni kama asali, na ikishatoka hakuna wa kuirudisha. Wamama wakarudi nyuma wakishika watoto. Zeddy akasema yeye ni mtu wa Yesu, haogopi matumbo. Lakini hakuna mtu hata mmoja aliyekubali kumchotea maji. Chemutai alichukua jembe, utumbo ukazikwa nyuma ya miti. Kipketer akarudi kwa banda lake, akakaa kati ya nyuzi zake, na kwa mara ya kwanza kwa muda mrefu akapiga mluzi.

Jumatatu arap Sigilai akarudi. Aliambiwa kabla hajatua fimbo. Akakaa chini nje ya nyumba ya Kipketer, akaomba maziwa, akanywa, akauliza, "Huyo mwana-kondoo alitoka kundi gani?"

"Hili la Bwana," Kipketer akasema. "Kwani kuna lingine?"

"Basi wewe umesahau yale baba yako alikufundisha. Utumbo hausemi juu ya kondoo mmoja. Unasema juu ya kundi na watu wake. Kama uliona shimo, shimo ni letu sote." Akafuta mdomo. "Kila utumbo wa hili kundi ulio juu ya ardhi uondolewe. Na mtu aliyeshika utumbo wake asisafiri mpaka mwezi mpya, mpaka achinjwe kondoo mwingine, na wewe uliyeona mabaya uone yameondoka."

Kipketer akageuza macho upande wa banda. Nyuzi zote zilizokuwa kwa banda, za kazi ya msimu mzima, zilikuwa za hilo kundi. Kulikuwa na moja nene ya chini aliyoirudia mara nyingi mpaka ikawa sawa, ya kwenda nayo Nakuru.

Wamama hawakungoja. Kufika saa ya kukamua ng'ombe walikuwa mlangoni kwa banda, na mbele yao ni Chelangat, na makaa ndani ya kigae. Akaingia peke yake, akasimama mbele ya mume wake. Alisema kwa sauti ya chini, ya watu wa nyumba moja.

"Baba Cherono. Niambie mimi peke yangu. Uliona nini?"

"Niliona nilichosema."

"Mimi nimekaa na wewe. Najua vile shingo yako inakaa ukisema kweli na vile inakaa ukidanganya. Sema tu hukuona vizuri. Sema macho yalikuwa na moshi. Hawa nitawarudisha mwenyewe."

Hapo ndipo palikuwa mahali pa kugeuka. Neno moja tu lingeokoa nyuzi. Lakini hilo neno lingetoka kwa banda likafika kwa arap Sigilai, na mtu aliyesema uongo juu ya utumbo, tena mtoto wa msomaji, angekaa wapi na watu? Na juu ya hayo yote, Zeddy angechinjiwa mwana-kondoo mwingine.

"Niliona shimo," akasema.

Chelangat akageukia nyuzi. "Haya. Kama uliliona, zichomwe."

Akaanza kuzitoa ukutani yeye mwenyewe, na hakuzirusha, alizikunja moja moja kama nguo za mtoto. Alikuwa na kinyongo na hizo nyuzi kwa muda mrefu, na alikuwa amengoja siku kama hiyo, lakini mtu aliyekuwa karibu angeona haikumpa raha. Nje moto ukashika. Nyuzi za utumbo haziungui kama kamba. Zinajikunja, zinainua kichwa, zinanuka nywele. Kipketer alisimama mlangoni na koti la Bwana mpaka ile nene ikaisha.

Siku ya Nakuru ikafika. Bwana Zeze akatoka nje asubuhi, ameshavaa tai, akauliza nyuzi wapi. Kipketer akasema wamama wamechoma. Bwana akauliza kwa nini, na Kipketer akasema, "Mambo ya kienyeji, Bwana." Bwana alizunguka gari mara kadhaa huku anapiga mguu na fimbo yake. Mwishowe akasema kwa bahati baritoni yenyewe ilikuwa imeshafungwa nyuzi, zile Kipketer alizotengeneza mwanzo, na hizo hazikuchomwa kwa sababu zilikuwa ndani ya nyumba yake. Zitasaidia. Karani hakutengeneza kitu. Kwa hivyo hakukuwa na mashindano tena.

"Kipketer," akasema, akafungua mlango wa Landirova. "Nyuzi yako. Wewe nakuja Nakuru na mimi."

Ilikuwa hivyo tu. Mlango wazi, kiti cha mbele, ngozi nyekundu. Kile alichokuwa anakililia kilikuwa kimeletwa mpaka miguuni.

Nusu ya kampi ilikuwa imesimama kwa ua. Arap Sigilai alikuwa pale na fimbo yake. Dereva wa shamba alikuwa ameshakataa safari tangu jana, amesema anaumwa, ndio maana Bwana alikuwa anaendesha mwenyewe. Wote walikuwa wanamwangalia Kipketer. Akipanda, basi shimo halikuwepo, na kila mtu atajua kabla gari halijafika kwa geti.

"Mguu naumwa, Bwana," Kipketer akasema.

"Mguu? Wewe nakaa tu kwa gari."

"Naumwa sana."

"Wewe naogopa nini?"

Kipketer akainama akashika goti. Bwana akamwangalia mpaka akachoka. Ndipo Zeddy akatoka nyuma ya watu, mweupe midomoni kwa woga, kalamu kwa mfuko. Akasema, "Mimi nitaenda, Bwana." Mama mmoja akalia. Zeddy akainua baritoni, akaiingiza nyuma polepole, akaifunga blanketi. Kisha akaenda kuketi mbele. Alipopita karibu na Kipketer akasema, "Mzee, nitazichunga," na alikuwa anasema juu ya nyuzi.

Mvua ilinyesha kutwa. Barabara ya kushuka kupitia Elburgon na Njoro siku hizo ilikuwa matope ya kumeza lori. Kipketer alikaa mlangoni kwa banda tupu, akiangalia ile njia. Chelangat alimletea uji hakunywa. Watu walidhani anasikitika, na kwa kweli kuna upande wake mmoja ulikuwa unaomba gari lirudi salama. Upande mwingine ulikuwa unaona Landirova inateleza kwa kona ya chini ya Elburgon, inalala ubavu, magurudumu juu. Aliona mpaka kalamu imeanguka kwa matope. Kama hilo lingetokea, yeye angekuwa msomaji mkubwa kuliko baba yake. Aliangalia hayo mawazo yake kama mtu anaangalia nyoka ndani ya nyumba, na hakuinuka kuyafukuza.

Jioni taa za gari zikaonekana kwa mlima.

Zeddy akashuka akiwa mzima, amelowa, anacheka mwenyewe. Watu wakamzunguka wakimgusa mikono kama mtu aliyetoka hospitali. Arap Sigilai alimwangalia kijana kutoka kichwani mpaka miguuni. Kisha akamwangalia Kipketer, kwa muda kidogo tu, akageuka akaenda kulala. Tangu siku hiyo hakuna mtu alimwita Kipketer asome utumbo, hata wa kuku.

Karani akaja mpaka kwa banda.

"Mzee, hazikukatika hata moja. Bwana alipiga zile za mbele na za nyuma, holi yote ikanyamaza. Halafu yule profesa akaja, akashika nyuzi, akaniuliza mimi kama ndiyo mimi nilitengeneza. Nikamwambia hapana, ni mzee mmoja kwetu, anaitwa Kipketer arap Sang."

"Akasema nini?"

"Alicheka. Alidhani naona haya. Akanishika mkono, wakapiga makofi."

Kama kijana angeiba sifa, Kipketer angekuwa na kitu cha kushika, angepata mahali pa kuweka hasira. Lakini Zeddy alikuwa amesema ukweli mbele ya wazungu, na bado wakampigia yeye makofi. Kipketer hakupata pa kumshika. Akaangalia hiyo mikono iliyoshikwa na profesa.

"Walikupa chai?"

"Walinipa, mzee. Na keki."

"Keki ya namna gani?"

"Ya manjano. Ndani ilikuwa na jamu."

Kipketer akatikisa kichwa polepole, kama mtu ameambiwa habari ya msiba.

Wiki hiyo hiyo alikwenda kwa Bwana, akamrudishia koti, akaomba arudi dipu. Bwana alishangaa, akamwomba akae, akamwambia kazi yake ni muhimu kwa kitabu. Alikataa. Afadhali asukume kondoo kuliko kukaa chini ya dirisha akisikia kusomwa. Zeddy akachukua banda, akasokota nyuzi zake vile kitabu kilivyosema, zingine nzuri, zingine mbaya, na Jumamosi matumbo mengi yakarudi kwa wamama. Kwa nyumba ya Chelangat nyama ilirudi. Alimpikia mume wake fungu lake, akamwekea mbele, na hakumkumbusha chochote, na Kipketer alikula huku uso wake umegeukia upande wa nyumba kubwa, ambapo chai ilikuwa imekwisha kutoka kwa meza na sauti ya kijana ilikuwa imeanza.